Nilivyokwenda Kalamba Kuuzima Wimbo wa Sulumbu

Niliondoka Nuu kwa sababu mwanangu Kyalo, mwalimu mwenye cheti, alikuwa ametunga nchi. Sisemi hadithi. Nchi nzima, na mfalme wake, na mito yake, na wimbo mtakatifu wa kuimbiwa wakuu wake kila asubuhi. Habari hiyo niliandikiwa na mwalimu mkuu wa shule anayofundisha huko Kalamba, barua ya kurasa mbili yenye muhuri. Mimi nilisoma mpaka darasa la pili, nikatoka kwenda kuchunga, lakini barua naisoma. Hii niliisoma mara tatu, kwa maana mara mbili za kwanza nilidhani mwandishi alikuwa amelewa.

Barua ilisema hivi. Kyalo aliandika mchezo wa kuigiza wa siku ya kufunga shule. Mchezo wenyewe ulihusu nchi inayoitwa Sulumbu, ambayo haiko Ukambani, haiko Kenya, haiko popote. Watoto wakaimba wimbo wa Sulumbu kwa lugha ya Sulumbu, ambayo pia haipo. Sasa, mbele walikuwa wameketishwa wageni wa heshima, na kati yao akina mama wazee wa ngoma ya kilumi, ile ngoma ambayo pepo humshika mtu akaanza kusema lugha asiyofundishwa na yeyote. Hao wazee wakasikia maneno wasiyoyajua yakitoka vinywani mwa watoto ambao nao hawajui wanasema nini. Kwao hakuna ushahidi mkubwa kuliko huo. Siku ya pili mvua ikanyesha. Siku ya tatu wimbo ukapandishwa mlimani na ngoma mbili, na tangu hapo haujateremka.

Kanisa linalofadhili shule likasema Kyalo ameleta mapepo. Akaambiwa Jumapili asimame mbele ya washirika, aukane wimbo, achome daftari lenye nchi yake. Asipofanya hivyo ataondolewa shuleni. Akakataa. Mwalimu mkuu akamalizia: "Kwa hiyo mzazi unaombwa kufika." Mzazi! Mtu ana ndevu, ana mke, na babake anaitwa shuleni kana kwamba ameiba chaki.

Nikamwambia mama Kyalo ninakwenda kuichoma hiyo nchi kwa mkono wangu mwenyewe. Watu wa Nuu mnanijua. Mimi sidanganyi mtu, na mtu wa kudanganya simpendi. Nimejenga nyumba ya mabati na kusomesha watoto sita kwa kusema "ng'ombe huyu ni mgonjwa" pale alipokuwa mgonjwa. Uongo wa mdomo nilikuwa naujua. Uongo wa kuandikwa kwenye daftari, na ramani juu yake, huo ulikuwa mpya kwangu.

"Nenda," mama Kyalo akasema, "lakini usimpige."

"Nimpige? Ana miaka ishirini na sita."

"Ndiyo maana nakwambia usimpige."

Jumatano asubuhi nilipanda lori la Adan. Adan ni Msomali wa upande wa Garissa, mfanyabiashara wa mifugo. Tumeuziana na kununuliana miaka mingi, tukitukanana kila soko bila kuvunja urafiki. Alikuwa anapeleka mbuzi barabara ya Mombasa, mbuzi nyuma, mimi mbele, na sioni kwamba walisafiri vibaya kuliko mimi.

"Kimanzi," akaniuliza kabla hata hatujaiacha Nuu, "suti hiyo, unakwenda kuoa?"

"Nakwenda kuzima wimbo."

"Wimbo unazimwa na nini, warya? Na maji?"

Nikamsomea ukurasa wa pili wa barua, ambapo mwalimu mkuu alikuwa amenakili mambo ya Sulumbu yawe ushahidi. Huko Sulumbu nyasi zinafika mtu kifuani na hazikauki. Mito ina maji juu ya mchanga, si chini yake kama mito ya watu wengine. Mfalme hachaguliwi kwa kura wala kwa damu. Anakuwa mfalme yule atakayelambwa usoni na mmoja wa Wakuu. Wakuu ni watano, na mbingu imelala migongoni mwao. Lakini kila alfajiri hao Wakuu hawawezi kusimama wenyewe. Ni lazima watu wawainue kwa wimbo, la sivyo mbingu inaanguka. Yuko na Mkuu wa sita, ila jina lake halitajwi. Wimbo ukifika penye jina lake, waimbaji wananyamaza, wanavuta pumzi moja, wanaendelea.

Adan alicheka mpaka akapunguza mwendo. "Wallahi, mtoto wako ana akili. Wa wenzako wanagombania shamba la baba, wako amejitengenezea nchi."

"Wakuu gani wa kuinuliwa asubuhi kama walevi?" nikasema. "Na huyo wa sita amefanya nini, mbona anafichwa?"

Tulipokuwa tunakaribia Mwingi, Adan akaanza lingine, kama kawaida yake. "Unamkumbuka yule dume mliyeniuzia wakati wa ule ukame mkubwa? Mwenye alama ya mwezi kwenye paji? Nilimfikisha Garissa mzima. Mpaka leo nikiona ndama wa paji la namna ile, najua damu ya Nuu hiyo."

"Tazama barabara, Adan."

"Mwanao alikuja kujua?"

"Nimekwambia tazama barabara."

Saa tisa tulikuwa tumepita Kitui mjini, na jua likielekea kushuka tukafika Mutomo, ambapo tulilala. Sina la kueleza juu ya Mutomo ila muthokoi niliokula hotelini. Mwenye hoteli, mama mmoja mnene mwenye sauti ya karani wa mahakama, aliniuliza ninakokwenda, na nilipomweleza akasema, "Heri huyo wako ameanzisha nchi. Wangu ameanzisha pombe." Wateja wote wakacheka, nami nikaagiza sahani ya pili.

Alhamisi tulianza mapema. Ikutha tuliiona kwa vumbi, yaani tuliona vumbi tukaambiwa hiyo ndiyo Ikutha. Kwenye daraja la Athi Adan alisimamisha lori, akashuka kunyoosha mgongo, nami nikachungulia maji. Athi ina maji juu ya mchanga. Nikajisemea, basi hilo moja mtoto hakudanganya.

Saa sita mchana Adan aliniteremsha Makindu, akasema Jumatatu atapita tena hapo akirudi na lori tupu, nisipomwona nitembee kwa miguu. Gari la Kalamba lilikuwa la kesho yake. Kila msafiri wa barabara ile anajua kwamba Makindu pana hekalu la Makalasinga ambapo mgeni wa dini yoyote analishwa na kulazwa. Nikaenda. Sharti la kwanza ni kuvua viatu. La pili ni kufunika kichwa kwa kitambaa. La tatu ni kukaa chini. Mimi, Kimanzi, mwenye viti kumi na viwili nyumbani kwangu, nilikaa chini kwa suti na kitambaa cha rangi ya machungwa kichwani, nikala dengu na chapati mpaka nikalegeza mkanda.

Ndani walikuwa wanaimba. Mzee mmoja wa kilemba, ndevu nyeupe mpaka kifuani, alikuwa anatugawia chapati. Nikamuuliza, "Wanasema nini hao?"

"Wanamsifu Mungu, mzee."

"Najua. Nauliza maneno."

Akaweka chapati ya nne kwenye sahani yangu. "Maneno mengine ni ya kale sana. Hata mimi nayajua kwa kuyaimba kuliko kwa kuyaeleza. Ongeza dengu?"

Nikaongeza. Lakini nilijiuliza mbona huyu hakuandikiwa barua na mtu.

Ijumaa nilifika Kalamba juu ya pikapu iliyobeba magunia matupu ya pojo, saa saba, nikiwa na rangi moja na barabara. Kyalo alikuwa ananingoja sokoni. Alinipokea mfuko kwa mikono miwili kama mtoto aliyelelewa vizuri, ambavyo ndivyo alivyo.

"Nau," akasema. Ndivyo Mkamba anavyomwita babake. "Umechoka?"

"Sijachoka. Nchi yako iko wapi niichome, nirudi kwa ng'ombe wangu?"

Nilidhani atabisha. Nilikuwa nimeandaa maneno tangu Mutomo. Yeye akanipeleka nyumbani, mkewe akaniletea chai, na daftari likawekwa mezani mbele yangu pamoja na kibiriti.

"Lichome, Nau. Wewe ukilichoma sina neno. Nimekataa kulichoma mimi, na nimekataa kusema kanisani kwamba lilitoka kwa shetani, kwa sababu halikutoka huko."

"Lilitoka wapi?"

"Kwangu."

Nikalifungua. Ukurasa wa kwanza ulikuwa na ramani. Nchi nzima ya Sulumbu ilikuwa na njia moja tu, na njia hiyo ilikuwa ya kutoka. Ilipita milima, ikavuka mito mitatu, ikaishia kwenye boma lenye lango wazi. Nikamwambia, "Hata boma hujui kuchora. Lango linaachwa wazi hivi na mtu gani, mpumbavu?"

Mkewe ndiye aliyejibu kwa ajili yake. "Baba, kesho alasiri mama Syombua wa kilumi na wenzake wanapanda mlimani. Usikie kwanza unachokichoma."

Nikaona ni haki. Hata ng'ombe wa kuchinjwa unamzunguka kwanza.

Jumamosi saa tisa tulipanda kilima kilicho nyuma ya soko. Juu kulikuwa na akina mama wapatao ishirini, wa umri wangu na zaidi, na ngoma mbili ndefu. Mkuu wao alikuwa huyo Syombua, mwembamba, macho kama ya kunguru. Aliniangalia toka viatu mpaka kofia.

"Wewe ndiye baba wa mwalimu?"

"Ndiye mimi."

"Tulidhani utakuwa mrefu."

Wenzake wakacheka. Nikamwambia, "Nami niliambiwa nitakuta mapepo, nakuta wajane wenye njaa ya mvua."

"Hata pepo huanza na njaa hiyo hiyo," akasema. "Kaa hapo, usiseme."

Nilikaa juu ya jiwe, nimekunja mikono, uso nikiwa nimeupanga tayari kwa kucheka. Ngoma zikaanza. Zilikuwa na mwendo wa ajabu: pigo dogo, pigo dogo, kisha kubwa, halafu kimya. Dogo, dogo, kubwa. Wale mama wakawa wanainama mara mbili na mara ya tatu wananyanyua mikono kutoka chini, wote pamoja, kama wanaondoa kitu kizito ardhini. "Heeya, heeya, haa!"

Uso wangu wa kucheka ulikuwa bado uko mahali pake, lakini mikono yangu ilikuwa imekwisha kukunjuka. Vidole vilikuwa vimeshika hewa. Mikono ilijua kabla yangu.

Kisha Syombua akaanza kuwaita Wakuu.

"Guracha!" Heeya, heeya, haa.

"Dima!" Heeya, heeya, haa.

"Wario! Dalacha! Adi!"

Sasa nisikilizeni vizuri, kwa maana hapa ndipo safari yangu yote ilipo. Hao si miungu. Hao ni madume wangu. Niliwanunua kwa Waorma upande wa Tana, na sikuwabadilisha majina kwa sababu ng'ombe mkubwa hazoei jina jipya. Guracha ni mweusi. Dima ni mwekundu. Dalacha ni wa majivu, Adi ni mweupe, na Wario alipewa jina la mtu aliyeniuzia. Wote watano walikufa katika ule ukame mkubwa. Na ninyi mliokuwapo mnajua ng'ombe wa ukame anavyokufa. Haanguki siku moja. Kila asubuhi unamkuta amelala na hawezi kusimama, na lazima ainuliwe: mmoja mkiani, mmoja pembeni, gunia limepitishwa chini ya tumbo. Mnavuta pumzi ndogo mbili, ya tatu mnainua. Akisimama, ataishi mpaka jioni. Kila alfajiri tuliwainua hivyo, mimi na mama Kyalo na Kyalo, ambaye alikuwa na miaka kumi na miwili. Kilio cha kuinulia kilikuwa changu, nilikitoa tumboni mwangu bila kufikiri. Heeya, heeya, haa.

Na majina yale yalikuwa yanaitwa mlimani Kalamba kwa mfuatano ule ule wa kufa kwao. Guracha wa kwanza. Adi wa mwisho.

Baada ya Adi, ngoma zikanyamaza. Wale mama wote wakafumba macho, wakavuta pumzi moja. Halafu wakaendelea.

Nilimtazama Kyalo. Alikuwa anatazama ardhi. Tukashuka, na jioni ile daftari na kibiriti vilikaa mezani, kila kimoja upande wake.

Jumapili baada ya ibada, washirika waliambiwa wasiondoke. Kanisa lilijaa, na mama wa kilumi walisimama nje madirishani, maana ndani hawakukaribishwa. Mchungaji alikuwa mtu mpole, tena mwenye hofu ya kweli. Hakuwa adui. Aliogopa watoto wa watu wasije wakafundishwa kitu ambacho wazazi hawakijui, na hilo sikuliona kosa.

Akaniita mbele. "Mzee, umekuja kutoka mbali. Tueleze mbele za Mungu. Huu wimbo ni wa pepo gani?"

Nikasimama. Nikavuta suti. "Mchungaji, mimi sidanganyi. Guracha alikuwa dume mweusi, mvivu, mwenye pembe moja iliyopinda. Dima alinikanyaga mguu huu, na mpaka leo sivai kiatu kipya bila kulia. Dalacha alikuwa anakula nguo. Nani hapa amewahi kuona mungu anakula shati la kitenge?"

Kanisa likalipuka. Mpaka mwalimu mkuu, aliyekuwa amekaa mbele na muhuri wake mfukoni, alishika mbavu. Nikawaeleza yote, madume watano, ukame, gunia chini ya tumbo. Wazee waliokuwa mle ndani walianza kutikisa vichwa, kwa maana kila mmoja wao alikuwa amewahi kuinua ng'ombe. Kicheko kikapungua chenyewe.

"Kwa hiyo," mchungaji akasema polepole, "si mapepo. Ni ng'ombe."

"Ni ng'ombe, mchungaji. Tena marehemu."

Akapangusa uso. Akasema kanisa halina amri juu ya kukumbuka ng'ombe, daftari lisichomwe, mwalimu aendelee na kazi, ila katika mchezo ujao watoto waimbe kitu kinachoeleweka. Watu wakapiga makofi. Mimi nilipigiwa makofi! Nikawa nageuka kurudi kwenye benchi langu, nikiwa nimeshinda kesi kwa madarasa mawili, na kama ningekaa chini upesi zaidi safari hii ingekuwa na mwisho mzuri sana kwangu.

Sauti ya Syombua ikaingia dirishani. "Mmesema watano. Na wa sita asiyetajwa?"

"Wa sita hatujui alipo, mwaitu," Kyalo akamjibu kutoka benchi la mbele, kwa neno la heshima ambalo Mkamba humwitia mama. "Alikuwa dume wangu mwenyewe, nilipewa na babu. Nilimwita Mwei, kwa sababu alikuwa na mwezi usoni. Alikuwa ananilamba hapa," akagusa paji lake. "Katikati ya ukame alipotea. Nilimtafuta porini siku tisa, sikumpata. Nikajiambia amefika mahali penye nyasi. Kila usiku nikawa naongeza: mito, milima, watu wa kumtunza. Ndiyo ikawa Sulumbu. Simtaji pamoja na waliokufa, kwa sababu sijui kama alikufa. Namwachia nafasi."

Mimi bado nilikuwa nimesimama katikati, suti yangu, makofi yangu. Na nje ya dirisha macho ya yule kunguru yalikuwa yananitazama mimi, si Kyalo.

Ningeweza kukaa. Hakuna aliyeniuliza. Mtu pekee aliyejua alikuwa Makindu au njiani na mbuzi. Lakini nilikuwa nimesema mbele ya msalaba kwamba mimi sidanganyi, na miguu ilikataa kutembea.

"Mwei hakupotea," nikasema. "Nilimuuza kwa Adan."

Kyalo aliinua uso.

"Wale wengine hawakuweza kusimama, nani angewanunua? Ni yeye tu aliyekuwa bado na miguu, na nyumbani tulikuwa tunapika majani. Lakini hakuwa wangu. Alikuwa wako, babu alikupa mbele ya watu. Niliona aibu kwamba mimi, Kimanzi, nimeuza mali ya mtoto kama mwizi. Kwa hiyo nikasema amepotea."

"Siku tisa, Nau."

"Najua."

"Siku tisa nilizunguka porini, na wewe ulikuwa unanijazia kibuyu cha maji asubuhi."

"Nilikijaza."

Hakupiga kelele. Heri angepiga kelele. Halafu akatoka nje, na watu wakampisha.

Mchungaji akaanzisha wimbo wa kufungia, wa vitabuni. Nikamfuata Kyalo uani. Syombua alikuwa amefika kwake kabla yangu.

"Sasa, mwaitu," Kyalo alikuwa anamwambia, "yu wapi wa sita tunajua. Mnaweza kumtaja."

"Tumtaje nani?" Syombua akasema. "Dume la Garissa? Pale pa kunyamaza tumeshaweka wetu. Mimi hapo namweka Mutiso wangu, aliyekwenda Mombasa akasema atarudi Krismasi. Huyu anaweka mumewe. Yule sijui anaweka nani, hasemi. Wewe ulituletea nafasi, mwalimu, hukutuletea ng'ombe. Iache kama ilivyo." Kisha akanigeukia. "Na wewe mfupi, asante kwa kusema. Ulichelewa, lakini asante."

Jumatatu asubuhi nilifunga mfuko wangu. Nilikuwa najua nitakwenda Makindu peke yangu. Lakini pikapu ilipofika, Kyalo akapanda juu ya magunia, akakaa mkabala nami. Mpaka Makindu hakusema neno, na mimi, ambaye sijawahi kushindwa kuongea, niliheshimu kimya hicho kama wale mama wanavyokiheshimu.

Saa sita lori la Adan lilikuwa kando ya barabara, turniboi analimwagia maji. Adan alipomwona Kyalo alielewa kabla ya salamu. Akaniangalia, nikaitika kwa kichwa.

"Nataka kuuliza jambo moja tu," Kyalo akamwambia. "Siku ile, Mwei alipandaje lori? Mlimwinua?"

Adan akafikiri. Msomali hasahau mnyama. Atasahau jina lako, lakini si mnyama. "Hapana," akasema. "Aliona nyasi kavu nilizoweka ndani, akapanda mwenyewe. Hakuinuliwa na mtu. Garissa alikaa kwangu miaka minne, nilikataa kumchinja, maana kila ndama alikuwa anatoka na mwezi wake. Alikufa mzee, karibu na kisima. Wallahi, nisingekudanganya."

"Najua," Kyalo akasema. "Wewe hukunidanganya."

Hiyo ilikuwa yangu, na niliipokea. Kisha akacheka kidogo, akapangusa macho kwa kiganja, akasema, "Akapanda mwenyewe!" kama mtu aliyepewa habari njema ya ndugu. Aliniaga kwa mkono. Akanipa daftari, akasema sasa limekamilika, nikalitunze Nuu, kwa sababu yeye anayo yote kichwani, na Kalamba wanalo lililo lao.

Jumanne jioni nilikuwa nyumbani. Mnaniuliza kila siku kwenye soko nilijifunza nini huko, nami nawajibu "vumbi la Ikutha", mnacheka. Basi leo naandika. Nilikwenda kumwaibisha mtu aliyetunga nchi isiyokuwapo. Nchi ile niliianzisha mimi, nimesimama bomani kwangu, kwa neno moja: amepotea. Mtoto alichofanya ni kuipandia nyasi, ili ng'ombe aliyetupwa na uongo wangu asikae njaa huko. Na lango lile la kwenye ramani, nililosema limeachwa wazi na mpumbavu, ni langu. Nimelinganisha nguzo. Amechora hata ile iliyopinda.

Mama Kyalo alinipokea mfuko, akaona daftari.

"Hukulichoma?"

Nikamweleza yote, kutoka mlimani mpaka Makindu, nikiangalia chini. Alisikiliza huku anachambua pojo. Nilipofika penye kuuzwa kwa Mwei, nilisubiri ashtuke.

"Nilijua," akasema.

"Ulijua tangu lini?"

"Tangu asubuhi ya kwanza. Kibuyu chenyewe ulikuwa unakijaza mpaka kinamwagika." Akapuliza makapi, akaendelea kuchambua. "Maji yenyewe hatukuwa nayo."